Haramu ya Nani?

Wapo wezi wanaoiba wakakimbia, na hao afadhali. Wapo wengine wanaoiba, wakaketi, wakaagiza chai, kisha wakakuhubiria wewe uliyeibiwa ubaya wa wizi. Hao ndio waliomliza Mahrokh kwa hasira Ijumaa ile mjini Rasht, kaskazini mwa Iran, mvua ikinyesha kama ilivyozoea, baba yake alipoingia sebuleni, akachomoa flashi kwenye televisheni na kumtia mkononi.

"Chukua, mwanangu," alisema Mzee Shapur. "Mimi hiki sitazami tena."

Aliyasema hayo kwa sauti ya kupasua dari, maana mzee yule hakujua tena sauti yake inafika wapi. Masikio yake yaliliwa na kiwanda cha nguo. Ujana wake wote alisimama katikati ya mashine za kufumia, na siku kiwanda kilipofungwa, yeye na wenzake walitoka na pensheni ya kubabaisha na vichwa vinavyovuma.

"Kwa nini, baba?" Mahrokh aliuliza, akifungua kinywa wazi ili asomwe midomo.

"Ni haramu. Umekuwa ukinilisha haramu, nami nikala bila kuuliza. Sikulaumu. Lakini basi."

Halafu akaenda zake jikoni kumenya kitunguu saumu, akamwacha binti yake amesimama na flashi mkononi. Mahrokh alikuwa mtu mzima, mwalimu wa Kiingereza, mwanamke aliyewahi kumfukuza mwenye nyumba kwa ufagio. Siku ile alilia kama mtoto aliyesingiziwa.

Tuelewane kwanza kuhusu hicho alichokataa mzee. Kule kwao tamthilia za kigeni hutiwa sauti za Kiajemi, na kwa mwenye masikio ni raha tupu. Kwa kiziwi ni watu wanaofungua na kufunga midomo tu. Kwa hiyo Mahrokh alizichukua mtandaoni kwa njia za panya, zikiwa bado na sauti zake za asili, akaandika maneno ya Kiajemi chini ya picha. Aliandika kwa herufi kubwa, zikakaa mpaka macho ya mzee yamalize kusoma, na sauti nazo akaziandika: mlango unagongwa, mtu anahema nyuma ya pazia, muziki wa kutisha, wazee jishikeni. Kila Ijumaa wenzake Mzee Shapur wa kiwandani walikuja, viziwi watupu, wakakaa kwenye zulia na mbegu za alizeti, wakapigiana kelele ambazo mtaa mzima ulizisikia isipokuwa wao.

Waliyoipenda kuliko zote ilikuwa ya Denmark, ya mama mmoja mpelelezi mwenye mguu mbovu. Walimwita Bi Mguu. Walimgombania kama wachumba.

"Huyo angekuwa Rasht, ningemposa mimi," alikuwa akisema Mzee Heybat.

"Angekuona ukila, angekupiga pingu!" Mzee Shapur humjibu.

Wawili kati yao, Ghorban na Safdar, walifariki kabla hawajajua muuaji ni nani, na wenzao waliona uchungu kwa hilo karibu kuliko kwa kifo chenyewe. Mahrokh aliyaweka maandishi yake mtandaoni bure, kwenye ukurasa wake, ili viziwi wa miji mingine nao waone. Mwanzoni mwa kila sehemu aliandika: "Mahrokh wa Rasht, kwa ajili ya masikio ya baba."

Ulikuwa wizi? Ulikuwa wizi, tusidanganyane. Lakini mwulize huyo mwizi amejaribu mara ngapi kulipa. Kwa vikwazo ambavyo nchi yao imewekewa, kadi ya benki ya kwao haigongi mlango wowote ng'ambo. Aliwaandikia wenye tamthilia barua ya heshima, akiomba wamwonyeshe njia ya kuwapelekea ada yao, na jibu likaja kwamba huduma hii haipatikani nchini kwako, asante, siku njema. Siku njema! Mtu anakuja na hela mkononi, unamfungia mlango, akichungulia dirishani unapiga yowe. Hata hivyo Mahrokh hakuwahi kuchuma hata tomani moja. Kila alipoumwa na dhamiri alijiambia hivyo, na mara nyingi ilitosha.

Basi siku moja, miezi ya nyuma, simu ililia. Mpigaji alikuwa Bwana Touraj Kamrava wa Sepidbam, kampuni ya Tehran inayowaonyesha watu tamthilia mtandaoni kwa malipo ya mwezi. Sauti yake ilikuwa tamu.

"Bi Mahrokh, hujambo? Baba hajambo? Mikono yako isipate maumivu, dada yangu, maandishi gani yale! Sisi wote hapa ofisini tumeyasoma. Tungependa kuyatumia. Unasemaje?"

Na Mahrokh akasema kile ambacho angekisema mtu yeyote aliyelelewa na mama: "Ni yako, bwana Kamrava. Hayana thamani mbele yako."

Hayo ndiyo maneno ya adabu ya kwao. Dereva wa teksi huyasema ukimpa nauli, muuza mikate huyasema, hata daktari wa meno huyasema akiwa bado ameshika koleo: haistahili, ni yako. Wewe unasisitiza, yeye anakataa, unasisitiza tena, ndipo anapokea na kuhesabu mbele ya macho yako. Hebu jaribu kushuka kwenye teksi bila kulipa uone kama hutafukuzwa na spana.

Kamrava hakusisitiza hata mara moja. "Mungu akuzidishie, dada," alisema, akakata.

Mahrokh alibaki na simu sikioni. Labda laini imekatika. Labda atapiga kesho, aseme sasa tuache adabu, bei yako ngapi. Alingoja wiki nzima kama bibi harusi aliyesahauliwa saluni. Badala ya simu, alimwona Bi Mguu kwenye Sepidbam, na chini yake maneno aliyoyaandika yeye, neno kwa neno, jina lake likiwa limenyofolewa. Sauti alizowaandikia wazee walizifuta zote. Kwa kuwaogopa wakaguzi wa serikali, mikono mitupu ya Bi Mguu waliipaka kwa kompyuta mikono mirefu ya nguo, iliyotikisika kila alipogeuka. Divai yake ikawa juisi ya komamanga. Mpenzi wake wakamfanya kaka yake, na kwa hiyo dada na kaka wakawa wanagombana kwa wivu na kununiana, na hakuna aliyeelewa kwa nini. Kwa wenyewe wa Denmark hawakupeleka hata senti, maana vikwazo vilivyomfungia Mahrokh viliwafungia na wao. Kisha, baada ya kula na kushiba, wakashtaki ukurasa wa Mahrokh kwamba unaiba mali ya Sepidbam. Ukafungwa.

Na bado hawakutosheka. Kijana wa Mzee Heybat alilipia Sepidbam, wazee wakaenda kutazama kwake, na huko wakakutana na mhubiri. Kila sehemu ilianza na mwigizaji mmoja mwenye mvi nzuri, mkono kifuani, maneno yake yameandikwa chini: "Mtazamaji mpendwa, kutazama kazi hii bila kulipa ni haramu. Kama ulishawahi kuiona kwingine bure, bado hujachelewa. Tuma ada yako kwenye kadi hii, nasi tutakuhalalishia, deni lisikufuate mbele ya Mungu." Namba ya kadi ikakaa pale, kubwa, muda mrefu wa kutosha macho ya mzee.

Mzee Shapur alikuwa mtu wa kusali. Katika maisha yake yote hakuwahi kutoka kiwandani na hata uzi mfukoni. Aliinakili ile namba, na Ijumaa ile akaja kuchomoa flashi.

Jumamosi alfajiri Mahrokh alipanda basi la Tehran. Hakuwa akitaka hela. Alitaka kitu kimoja tu, baba yake aambiwe kwamba mkono uliomlisha ni safi.

Ofisi ya Sepidbam ilikuwa ya vioo vitupu. Kamrava mwenyewe alikuwa kijana kuliko sauti yake, ndevu zimechongwa vizuri. Aliinuka, akainama, akavuta kiti, akamwita katibu alete chai na sukari ya zafarani. Akamwuliza hali ya baba mara tatu.

"Baba yangu amekataa kukaa na mimi Ijumaa," Mahrokh alisema. "Anasema nimemlisha haramu. Aliambiwa na nyie."

"Pole sana, dada."

"Pole haisaidii. Mwandikie mistari miwili. Maandishi ni ya binti yako, sisi tuliyachukua kwake, hukula haramu. Tia sahihi. Mimi nitaondoka na hutaniona tena."

Kamrava alikuna shavu. "Ningependa, wallahi. Lakini nikimwandikia mmoja, kesho nchi nzima itataka kutazama bure. Wakili atanila nyama. Na tena, dada yangu, hatukuyachukua. Ulitupa."

Akageuza kompyuta yake, akabonyeza, na Mahrokh akajisikia mwenyewe, sauti yake ya adabu, kama anayemkaribisha mgeni mlangoni: ni yako, bwana Kamrava, hayana thamani mbele yako.

"Ulinirekodi!"

"Ni utaratibu tu wa ofisi."

"Hakuna mtoto wa chekechea nchi hii asiyejua maneno yale maana yake nini! Wewe ukienda kwa mchinjaji akikwambia haistahili, unabeba mguu wa kondoo unaondoka?"

"Karatasi haina mahali pa kuandika adabu," Kamrava alisema kwa upole. "Kunywa chai, itapoa."

Mahrokh alihisi damu inapanda mpaka kwenye nywele. Aliitazama ile kompyuta, nyembamba, ya fedha, mpya kabisa.

"Kompyuta nzuri hii," alisema.

"Ni yako," Kamrava alijibu bila kufikiri. "Haistahili."

Mahrokh aliifunga, akaitia kwapani, akasimama. "Mungu akuzidishie, kaka."

Alikuwa amefika mlangoni Kamrava aliporuka kitini. "Dada! Dada, unakwenda wapi?"

"Nyumbani. Umenipa, si umenipa?"

"Aa, acha utoto! Yale ni maneno ya adabu tu!"

Vichwa viligeuka ofisi nzima. Katibu aliyeshika sinia alitazama vikombe vyake na kuuma midomo.

"Rudia," Mahrokh alisema. "Rudia tena, wasikie wote. Maneno ya adabu tu, eh? Kumbe unajua! Ulijua tangu siku ile, mlaanifu mkubwa wewe, ukakaa kimya ukaniacha nimeshika simu kama punguani!"

Watu wengine wangeona haya. Kamrava alinyoosha shati lake. "Tofauti, dada, ni kwamba wewe ulirekodiwa," alisema, "na mimi sikurekodiwa." Kisha akamwita mlinzi.

Mlinzi alikuwa mtu mzima mwenye aibu. Aliichukua kompyuta kwa mikono miwili, akamsindikiza Mahrokh mpaka barabarani, akamnong'oneza: "Nisamehe, mama. Nina watoto." Mahrokh alimsamehe, lakini matusi aliyoyatema kwenye basi kurudi Rasht, peke yake kwenye kiti cha nyuma, hayaandikiki.

Nyumbani alikuta sufuria ya maharage na mayai iko mezani, na baba yake ana furaha. Alikuwa amevaa kanzu safi. Alimwonyesha simu, ujumbe wa benki.

"Nimemaliza, mwanangu. Nimelipa yangu yote. Halafu nikakumbuka, Ghorban na Safdar nao walitazama hapa hapa kwetu, mimi ndiye niliyewaita. Wamelala makaburini na deni, na hawana wa kuwalipia. Nimewalipia na wao."

"Kwa hela gani?" Mahrokh aliuliza, ingawa alijua. Alizunguka nyuma ya kabati, akafungua bati la biskuti walimokuwa wakiweka akiba ya vifaa vya masikio. Ilikuwa miaka ya kujinyima, na daktari alikwisha sema vingemrudishia hata sauti ya mvua. Bati lilikuwa tupu.

"Masikio ya nini?" alisema mzee nyuma yake. "Nimekwisha zoea."

Hapo Mahrokh akapasuka. Alipiga kelele mpaka jirani wa chini akagonga dari kwa fimbo. Alimlaani Kamrava, ukoo wa Kamrava, mwigizaji na mvi zake, akakanyaga lile bati mpaka likabonyea. Mzee Shapur alimtazama kwa wasiwasi mtupu.

"Polepole, mwanangu. Unasogeza mno uso, sioni midomo."

Fikiria adhabu hiyo, kuwa na hasira ya kuchoma nyumba na mtu unayemwambia hasikii. Mahrokh alikaa chini. Aliichukua kompyuta yake kuukuu, akaiunganisha na televisheni, akafungua ukurasa mweusi, akaanza kuandika kwa zile herufi kubwa za Ijumaa. Aliandika simu ya Kamrava. Aliandika alivyojibu. Aliandika mikono ya kupakwa na juisi ya komamanga, ukurasa kufungwa, rekodi, kompyuta ya fedha, mlinzi. Aliandika: "Baba, umewalipa walioniibia ili wakusamehe kwa kutazama kazi yangu." Mzee alisoma yote amesimama, miwani puani, midomo ikitembea.

"Ulipomwambia ni yako," aliuliza mwishowe, "moyo wako ulikuwa radhi?"

Mahrokh aliandika: "Hapana."

"Na yeye alijua?"

"Alijua."

Mzee alikaa kwenye zulia, mahali pake pa siku zote. "Na wale wa Denmark?"

Vidole vya Mahrokh vilisimama. Swali hilo alikuwa akilikimbia miaka yote, na sasa limekaa sebuleni kwake na kanzu safi. Akaandika: "Niliwapelekea hela wakaikataa."

"Walikataa hela. Hawakusema basi tazameni."

"Hawakusema."

"Basi hilo ni letu, mimi na wewe. Tutalibeba mpaka ipatikane njia," alisema Mzee Shapur. "Lakini hili jingine si letu. Hili ni la huyo bwana. Leta simu. Nirekodi."

Alivaa koti lake la Idi. Alikaa mbele ya televisheni, akaweka mkono kifuani kama yule mwigizaji, akatazama mbele.

"Mimi naitwa Shapur, mfumaji," alinguruma. "Masikio yangu yalibaki kiwandani. Binti yangu aliniandikia yale nisiyoyasikia. Sepidbam waliyachukua maandishi yake, wakafuta jina lake, wakaniambia mimi ni mwizi. Niliwaamini. Nimewapa hela ya masikio yangu, na nikawalipia marafiki zangu wawili waliokufa. Leo nimejua. Walisema watanihalalishia. Mimi siwahalalishii wao. Siwahalalishii hapa duniani, wala mbele ya Mungu, wala wakija kwenye mazishi yangu. Nimemaliza."

Mahrokh aliiandikia video hiyo maneno chini kama tamthilia nyingine yoyote, kwa viziwi wenzake baba, akaisambaza kwa simu. Asubuhi ilikuwa imefika Tabriz na Isfahan. Wafumaji wastaafu waliitumiana, na watoto wao, na wake za watoto wao. Wengi walijirekodi na wao, mikono vifuani. Mzee Heybat alilia katika yake mpaka meno ya bandia yakalegea, na hiyo nayo ikapendwa sana. Sepidbam walitoa taarifa ndefu ya wakili wao. Hakuna aliyeisoma.

Ijumaa iliyofuata, Mzee Shapur na Mzee Heybat wakiwa kwenye zulia na mbegu zao, simu ya Mahrokh ililia. Alikuwa Kamrava. Ile sauti tamu ilikuwa imekwaruzika.

"Dada, nakuomba, nipe mzee."

"Mzee hasikii. Umesahau?"

"Basi mwambie. Tunarudisha hela yote, na ya marehemu wale. Tunarudisha jina lako. Tunafungua ukurasa. Mwambie tu atuhalalishie. Mwambie anihalalishie mimi. Mama yangu ameiona ile video. Ninaishi naye. Hajagusa chakula nyumbani kwangu, anasema hajui kimetoka wapi. Anakula mkate mkavu anaoletewa na jirani. Ana sukari, dada, ataniangukia."

Mahrokh aliweka simu mezani, sauti nje, na vidole vikaenda kwenye kibodi. Neno kwa neno, bila kupunguza wala kuchonga, aliyaandika yote kwenye televisheni. Aliandika hata: "sauti inatetemeka." Wazee wawili walisoma. Mzee Heybat aliacha kutafuna.

Mzee Shapur alivua miwani, akaifuta kwa pindo la shati, akaivaa, akasoma tena. Kisha akaisogelea simu, akaiinamia kama mtu anayeita kisimani.

"Hela irudishe," alinguruma. "Ya kwangu nitanunulia masikio. Ya Ghorban na Safdar, itafutie njia iwafikie wale wa Denmark. Ukipata njia, niambie, na mimi nina changu cha kuwapelekea."

"Ndiyo, baba! Ndiyo, haji, kwa macho yangu yote!"

"Na mama yako mwambie ale. Mwambie Shapur wa Rasht amesema ale ashibe, yeye hana kosa lolote kwangu." Mzee alivuta pumzi. "Wewe, sikuhalalishii."

Kamrava aliendelea kusema, haraka haraka, akiomba, akiapa. Mahrokh aliondoa vidole kwenye kibodi, akajimiminia chai. Kwenye televisheni hapakutokea neno jingine.